Jumba lilikuwa na sheria, watu hawakuwa nayo

Ndugu vijana wenzetu, na nyinyi wafanyakazi wa mashirika mnaotusoma, leo tunazungumza juu ya jumba moja la London. Msishangae. Tunajua kuna watakaosema: hawa nao, maji bombani hayatoshi, wao wanatuletea habari za majumba ya Waingereza! Someni kwanza. Jumba hilo liliwahi kuwa kambi ya wakimbizi, halafu mwaka uliofuata likawa kifungo. Kuta zile zile, paa lile lile. Na waliolala ndani, wa kwanza na wa pili, hakuna aliyekuwa amemkosea mtu. Kilichobadilika ni moyo wa watu waliokuwa nje.

Sisi tunasema hivi, na hatufichi: mkimbizi anayeishi kwa huruma peke yake hana makao, hata ukimlaza kwenye jumba la kifalme. Huruma inachoka. Kinachobaki ni kile kilichoandikwa kwenye sheria. Jumba hilo ndilo shahidi wetu.

Linaitwa Alexandra Palace, liko juu ya kilima kaskazini mwa London. Enzi za Malkia Victoria, Waingereza walishikwa na homa ya maonyesho. Mwaka 1851 walijenga Crystal Palace, jumba la chuma na vioo, katika bustani ya Hyde Park. Humo wakapanga mashine zao na mali za kila pembe ya dunia, zikiwemo za makoloni yao. Watu waliingia kama mara milioni sita. Maonyesho yakaisha, jumba likabomolewa, likahamishiwa kusini mwa London, likafunguliwa tena huko mwaka 1854. Watu wa kaskazini wakaona wivu: na sisi tunataka letu. Bustani yao ikafunguliwa mwaka 1863, ikapewa jina la Alexandra wa Denmark, aliyeolewa mwaka huo na mtoto wa Malkia. Vifaa vingi vya kujengea jumba vilitoka kwenye jengo jingine la maonyesho, lile la mwaka 1862, ambalo lilikuwa limeshabomolewa.

Tarehe 24 Mei 1873, siku ya kuzaliwa ya Malkia, jumba likafunguliwa kwa shangwe. Tarehe 9 Juni likaungua. Siku 16 tu, jamani! Wafanyakazi watatu wakafa. Unadhani watu walikata tamaa? Hapana bwana. Tarehe 1 Mei 1875, hata miaka miwili haijatimia, jumba jipya lilikuwa limesimama pale pale, na ukumbi mkubwa, na ukumbi wa tamthilia, na kinanda kikubwa sana kilichotengenezwa na fundi Henry Willis. Wakaliita Jumba la Watu.

Lakini jina zuri halilipi deni. Kuliendesha jumba kubwa namna ile kulikuwa gharama, kampuni zilizolishika zikashindwa, likawa linafungwa na kufunguliwa, kufungwa na kufunguliwa. Mwisho wenye tamaa ya viwanja wakalikodolea macho, walitaka kujenga nyumba za kuuza. Hapo ndipo serikali za mitaa zikaungana kulinunua, na mwaka 1900 bunge likapitisha sheria. Sheria ile ilisema jumba na bustani vibaki wazi bure kwa matumizi na burudani ya umma, milele. Shikeni neno hilo, milele. Tutarudi kwake.

Mwaka 1914 vita kuu ikaanza. Mwezi Agosti Ujerumani ikaivamia Ubelgiji, na watu wakakimbia. Katika muda wa vita hiyo Wabelgiji kama 250,000 waliingia Uingereza. Mpaka leo wanahistoria wanaihesabu kuwa moja ya pokezi kubwa kabisa za wakimbizi katika historia ya nchi ile. Kuanzia Septemba, Alexandra Palace ikafunguliwa kwa ajili yao. Maelfu walilala mle wakisubiri kupangiwa mahali pa kuishi. Watu wa London wakaleta nguo, wakaleta chakula, familia zikawachukua wageni na kukaa nao nyumbani. Magazeti yakawasifu Wabelgiji kila siku.

Sasa hapa wengi wetu kwenye kundi hili tunapata kizunguzungu. Wengi tumetoka Kongo, na wengine Burundi. Mbelgiji tunayemjua sisi kutoka kwenye masimulizi ya wazee ni yule wa kiboko na mpira, mtu wa Leopold wa Pili. Kongo ilitoka mikononi mwa mfalme huyo na kuwa koloni la serikali ya Ubelgiji mwaka 1908. Hesabuni: miaka sita baadaye, raia wa nchi ile ile wamebeba mabunda kichwani wakitafuta pa kulala. Kuna wenzetu tukiwaeleza habari hii wanacheka, wanasema waliyapata. Sisi tunakataa. Mama aliyetoka Antwerp na mtoto mgongoni hakusaini amri ya kumkata mtu mkono. Kukimbia hakuna ladha tofauti kwa mweupe na kwa mweusi. Anayemcheka mkimbizi kwa sababu ya dhambi za serikali yake, kesho asilalamike akiambiwa na yeye ni muasi kwa sababu ya kabila lake.

Ila jambo moja tuliseme. Wakati Wabelgiji wale wanapokelewa London, wazee wetu walikuwa wanabebeshwa mizigo ya jeshi la Wabelgiji, Force Publique, lililopigana na Wajerumani mpaka likaiteka Tabora mwezi Septemba 1916. Waliondolewa vijijini mwao kwa ajili ya vita hiyo hiyo. Hakuna jumba waliofunguliwa, na hakuna gazeti lililowasifu. Huruma ya dunia ilikuwa na macho, na macho yale yalikuwa yanachagua. Hiyo ni sababu yetu ya kwanza ya kutoiamini.

Sababu ya pili ni namna ilivyoisha. Uingereza ilihitaji mikono viwandani, kwa hiyo Wabelgiji wakapewa kazi. Kule Birtley, kaskazini mwa Uingereza, walijengewa kijiji chao karibu na kiwanda cha mabomu, kikiwa na shule, kanisa na maduka. Mnajua kiliitwaje? Elisabethville, jina la malkia wao. Ndiyo, jina lile lile la mji ambao sisi leo tunauita Lubumbashi. Wakimbizi wa Elisabethville ya Uingereza walifanya kazi kama watu wazima, wakalipwa, wakalea watoto. Vita ilipokwisha mwaka 1918, kazi nayo ikaisha. Serikali ikatoa tiketi za bure za kurudi, za kwenda tu, na kwa muda maalumu. Karibu mwaka mmoja baadaye walio wengi walikuwa wameshaondoka. Kweli wengi walitamani kwao, hatubishi. Lakini hata aliyetaka kubaki hakuwa na karatasi ya kusimamia. Kazi alipewa kwa sababu mabomu yalihitajika. Hakupewa kama haki yake.

Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Wabelgiji walipewa jembe, vita ikaisha, wakanyang'anywa. Sisi je? Wengine tuko kwenye siku ya tatu kwa miaka ishirini na zaidi, na jembe bado. Ukitoka kambini bila kibali, kosa. Ukifungua duka bila ruhusa, kosa. Tunaojitolea tunafanya kazi kuanzia asubuhi hadi jioni, tunapewa ile tunayoiita insentivu, kwa sababu mshahara ni neno la watu wengine. Halafu anakuja mtu anasema wakimbizi wamezoea kupewa. Kupewa nini, jembe?

Turudi kwenye jumba. Tarehe 7 Mei 1915 nyambizi ya Wajerumani ilizamisha meli ya abiria Lusitania, wakafa karibu watu 1,200. London ikachafuka. Makundi ya watu yakavunja maduka yenye majina ya Kijerumani, ya waoka mikate, ya wauza nyama, wengine walikuwa majirani wa miaka mingi. Siku chache baadaye serikali ikatangaza kwamba wanaume raia wa nchi adui wenye umri wa kupigana wawekwe kizuizini. Wawekwe wapi? Alexandra Palace ilikuwa tayari. Vitanda vilikuwa vimeshazoea kulaliwa na wageni. Ikazungushiwa seng'enge, wakawekwa askari, na Jumba la Watu likawa kambi ya wafungwa. Kwa wakati mmoja walikaa kama 3,000, na mpaka kambi inafungwa mwaka 1919 walikuwa wamepita kama 17,000.

Walikuwa ni akina nani? Vinyozi, waoka mikate, wahudumu wa hoteli, mafundi, makarani. Wengine walikuwa wamekaa London miaka mingi kuliko waliyokaa Ujerumani. Walikuwa na wake Waingereza na watoto wanaojua Kiingereza tu. Na hapa sheria ya wakati ule ilikuwa na ukatili wake: Mwingereza mwanamke akiolewa na mgeni, anapoteza uraia wake na kuhesabiwa ni wa nchi ya mume. Yaani dada wa London, hajawahi kukanyaga Berlin, anaamka asubuhi ni adui.

Mmoja wao alikuwa Rudolf Rocker. Huyu tunaomba mmkumbuke. Alitoka Ujerumani kwa sababu polisi wa huko walikuwa wanamwandama kwa ajili ya siasa zake, akafika London mwaka 1895, akawa mtetezi wa wafanyakazi Wayahudi maskini wa mashariki ya mji. Vita alipinga waziwazi, ya Wajerumani na ya Waingereza. Mwezi Desemba 1914 wakamkamata. Kwanza wakamweka Olympia, jumba jingine la maonyesho pale pale London, halafu kwenye meli, halafu Alexandra Palace. Wafungwa wenzake wakamchagua awe msemaji wao. Mwaka 1918 akafukuzwa nchini. Mmeelewa? Mtu aliyeikimbia serikali ya Ujerumani anafungwa kwa sababu ni Mjerumani. Leo tunaona hivyo hivyo: unamkimbia mwenye bunduki, unafika mpakani, unaulizwa kama wewe si mtu wake.

Ndani ya jumba wale wanaume hawakukaa wakilia. Walifundishana masomo, walipiga muziki, walichonga na kuchora. Mchoraji George Kenner alipitia kambi kadhaa, Alexandra Palace ikiwa mojawapo, na picha zake zimebaki. Tunaheshimu kazi zile. Lakini tunawaonya wanaotazama picha za namna hiyo na kusema, ona walivyokuwa na ubunifu, kumbe walikuwa wanaishi vizuri. Mtu aliyefungwa anachora kwa sababu amefungwa. Ukimsifu kwa mchoro na kuiacha seng'enge bila neno, umemsaidia aliyeifunga.

Sasa lile neno milele. Sheria ya 1900 ilisema jumba ni la umma milele, na kumbe umma haukuwa watu wote. Wabelgiji walipokuwa wanapendwa waliingia, Wajerumani walipochukiwa walifungiwa humo humo. Lakini angalieni kilichotokea baada ya vita. Sheria ile haikufutwa. Jumba likarudi kwa umma, likatengenezwa. Tarehe 2 Novemba 1936 BBC ilianzia pale matangazo yake ya kila siku ya televisheni. Mwezi huo huo, tarehe 30, Crystal Palace iliungua na haikujengwa tena mpaka leo. Alexandra Palace nayo iliungua kwa mara ya pili mwaka 1980, sehemu kubwa ikaanguka. Ikajengwa, mwaka 1988 ikafunguliwa. Ule ukumbi wa tamthilia uliokaa umefungwa zaidi ya miaka 80 ulifunguliwa tena mwaka 2018. Leo watu wanaenda pale kusikiliza muziki, kuteleza kwenye barafu na kutazama mashindano ya dunia ya kurusha vishale.

Jumba limeungua mara mbili, na mara mbili limesimama. Limefilisika, limesimama. Limegeuzwa gereza, likarudi kuwa la umma. Kwa nini? Kwa sehemu kubwa ni kwa sababu palikuwa na karatasi inayosema hili ni la umma, na kuna watu waliopewa jukumu la kulilinda, na ukilichezea unaweza kuulizwa. Na wale 17,000 waliolala ndani? Wengi walipelekwa Ujerumani vita ilipokwisha. Maduka yalishavunjwa, kazi zilishachukuliwa, familia zilishagawanyika. Hakuna aliyewajengea upya ndani ya miaka miwili. Jumba lilikuwa na sheria, watu hawakuwa nayo. Huu ndio urithi tunaousoma sisi kwenye zile kuta.

Tunajua majibu mtakayotupa. La kwanza: ile ilikuwa vita, hofu ilikuwa kubwa. Sawa. Lakini hofu ndiyo wakati wenyewe ambao haki inahitajika. Mwavuli unaofunguka jua likiwaka na kujifunga mvua ikinyesha, una faida gani?

La pili: hata kuwafunga kulifanywa na serikali, kwa amri halali. Kweli kabisa. Ndiyo maana hatuombi sheria yoyote ile ilimradi ni sheria. Tunaomba sheria inayotutaja sisi kama wenye haki, ambayo tunaweza kuishika mkononi na kwenda nayo mbele ya hakimu. Ile ya 1900 ililinda matofali. Tunataka inayolinda mtu.

La tatu, na hili linauma kwa sababu linatoka kwa watu wanaotupenda: bila huruma ya watu hamtapata chakula. Ndugu, tunashukuru kwa kila kikombe cha unga, msituelewe vibaya. Wenyeji waliotupokea kabla ya shirika lolote kufika hatutawasahau, mgeni njoo mwenyeji apone. Lakini mgao unapokatwa, tunaambiwa wafadhili wamechoka, kama vile ni habari ya hali ya hewa. Habari zikihamia vita nyingine, sahani yetu inapungua. Hatujafanya kosa, kama vile mwoka mikate wa London hakuizamisha Lusitania. Moyo wa nje umegeuka, basi.

Kwa hiyo, wafanyakazi wa mashirika, tuna maneno na nyinyi. Kila tarehe 20 Juni, Siku ya Wakimbizi Duniani, mnatuomba ngoma, vikapu, mashairi na picha. Tunapanga meza, wageni wanapita, wanapigwa picha, wanaondoka. Sisi tumeshakuwa mafundi wa maonyesho kuliko hao akina Victoria. Hatukatai ngoma, ngoma ni yetu. Ila mwakani, kwenye meza ya kwanza kabisa kabla ya vikapu, wekeni karatasi. Mkataba wa Wakimbizi wa mwaka 1951 uko wazi: kifungu cha 17 kinazungumzia kazi ya mshahara, cha 26 uhuru wa kutembea, cha 28 hati za kusafiria. Mgeni rasmi aulizwe mbele ya watu: nchi hii imetimiza kipi, na imeweka pingamizi kwa kipi? Uganda kwa sheria yake ya mwaka 2006 imekubali mkimbizi afanye kazi na atembee. Haina maana maisha ya Uganda ni mteremko, wenzetu walioko kule wanatueleza njaa yao. Lakini mwenzetu wa Uganda akizuiwa kufanya kazi, ana kifungu cha kuonyesha. Wengine wetu tukizuiwa, tuna machozi tu ya kuonyesha.

Na nyinyi vijana wenzetu, msifikiri tumewaacha. Tumezoea kuuza machozi kwa sababu yananunuliwa. Mwandishi akija, tunakimbilia kumweleza usiku tuliokimbia, maiti tuliyoruka, mdogo wetu aliyepotea. Ni kweli yote, na ni yetu. Lakini hadithi ya machozi inamfanya msikilizaji atoe sadaka, halafu anaisahau. Mwelezeni pia kibali mlichonyimwa, cheti cha shule kisichotambuliwa, kazi mliyoshinda kwenye usaili mkaikosa kwa sababu ya kadi. Hayo hayamlizi mtu, ila yanamlazimisha kujibu. Jifunzeni sheria ya nchi mliyomo, kifungu kwa kifungu, kwa lugha mnayoielewa. Anayejua Kiingereza au Kifaransa amtafsirie asiyejua. Tuanze hata wiki hii, chini ya mti, watu kumi, kifungu kimoja.

Wabelgiji walipendwa na wakarudishwa. Wajerumani walichukiwa na wakafungwa. Jumba bado liko pale kilimani, lina paa jipya na walinzi wake. Sisi hatutaki kupendwa zaidi kuliko tunavyopendwa sasa. Tunataka jembe, na karatasi inayosema jembe hili halinyang'anywi.